Sauti Isiyo na Dubwana

Hotuba kwa wasomaji na waandishi wa hadithi za kubuni, katika ukumbi wa maktaba, Nairobi

Mabibi na mabwana, waandishi wenzangu, na nyinyi vijana mliokubali kuketi sakafuni kwa kuwa viti havikutosha, nawashukuru kwa kufika. Nimealikwa nizungumzie bahari zisizokuwepo. Nitazungumzia moja tu, ile ninayoiandikia riwaya, na ndani yake nitachagua kitu kimoja: sauti inayosikika kutoka pwani moja hadi nyingine bila mtu kujua inatoka wapi.

Ombi langu nalitoa mapema, ili atakayelazimika kuondoka kuwahi matatu aende nalo. Mnapoandika sauti ya ajabu baharini, msiweke dubwana chini yake. Iacheni iwe sauti ya maji, ya mwamba, ya hewa, ya barafu. Nimesoma miswada ya vijana wetu wengi, na wanaandika vizuri, wengine vizuri mno. Lakini mngurumo ukisikika katika sura ya kwanza, katika sura ya nne huzuka mkia, meno na jicho kubwa. Kuanzia hapo msomaji haiogopi bahari tena. Anamwogopa mnyama, na mnyama huuawa. Mkuki ukishampata, bahari iliyobaki ni maji tu. Mimi nataka bahari iendelee kutisha na kupendeza hata baada ya ukurasa wa mwisho.

Kuna aliyeniuliza pale mlangoni: bahari na Nairobi wapi na wapi? Tuko mita 1,700 hivi juu ya usawa wa bahari, na Mombasa ni karibu kilomita 500 kwa barabara. Hata hivyo, Nairobi huisikia bahari usiku na mchana. Katika jiji hili kuna kituo cha kupimia infrasauti, yaani sauti nzito mno ambazo mitetemo yake haifiki 20 kwa sekunde, na kwa hivyo sikio la binadamu haliwezi kuzinasa. Kituo hicho kinaitwa IS32, na ni kimoja kati ya vituo 60 vilivyopangwa kuizunguka dunia kwa ajili ya mkataba wa kupiga marufuku majaribio ya silaha za nyuklia. Kazi yake ni kutegea mabomu. Lakini vituo vya aina hiyo hunasa kitu kingine pia, nacho ni mvumo wa bahari. Mawimbi yanayotoka pande mbili yakikutana huko bahari kuu, uso wa maji hupanda na kushuka kwa namna inayoisukuma hewa iliyo juu yake. Hewa hutikisika mara moja kila sekunde tano hivi, na mtikisiko huo husafiri maelfu ya kilomita. Mawimbi hayo hayo huisukuma sakafu ya bahari, na ardhi nayo ikatetemeka kidogo kidogo hata katikati ya bara. Michael Longuet-Higgins alieleza hisabati ya jambo hilo mwaka 1950. Mashine ya kupimia mitetemo ya ardhi tunayo hapa karibu, Kilimambogo, upande wa Thika. Mtaalamu wa tetemeko akitazama mstari wake siku ambayo hakuna tetemeko lolote duniani, bado anaona mstari unachezacheza. Sehemu kubwa ya huko kuchezacheza ni bahari.

Tarehe 15 Januari 2022 volkano ya Hunga Tonga-Hunga Ha'apai ililipuka katika Pasifiki. Vituo vyote 53 vya infrasauti vilivyokuwa vikifanya kazi viliupata mlipuko ule, na chetu kimo. Kutoka Tonga hadi hapa ni zaidi ya kilomita 15,000. Usiku wa siku ile ile wimbi la hewa lilipita juu ya Kibera na Karen na Kayole, juu ya watu waliokuwa wakila chajio na kuzungumza habari zao, na hakuna aliyeinua kichwa. Ndiyo sababu sikubali nikiambiwa kwamba mwandishi wa Nairobi hana haki ya kuandika bahari. Tumekaa ndani ya sauti yake.

Sasa turudi kwa dubwana. Mwaka 1997 haidrofoni, yaani vyombo vya kusikilizia chini ya maji, za NOAA, idara ya serikali ya Marekani inayoshughulikia bahari na hali ya hewa, zilinasa katika Pasifiki sauti nzito na yenye nguvu ajabu. Vyombo vilivyokuwa umbali wa kilomita 5,000 viliisikia. Ikapewa jina la Bloop, na watu wakaanza kumpima mnyama: kama nyangumi tunayemjua hawezi kutoa sauti kubwa kiasi hicho, basi huyu ana urefu gani? Uvumi ulidumu miaka. Kisha wataalamu wakazidi kutega haidrofoni karibu na Antaktika, wakasikiliza barafu kubwa inavyopasuka na kumeguka, na sauti zikalingana. Bloop ilikuwa barafu.

Najua walikuwepo waliovunjika moyo. Mimi habari hiyo ilinipa furaha kubwa, na sijui kwa nini mtu aone kwamba kapunjwa. Fikirini: kipande cha barafu kinavunjika katika giza la kusini kabisa mwa dunia, mahali ambapo hakuna hata mtu mmoja, na mvunjiko huo unasikika kilomita 5,000 mbali. Mnyama gani angetushinda akili kuliko hivyo? Mnyama angekuwa na tumbo na njaa, na tungemwelewa upesi. Barafu haimtaki mtu, haimkimbii mtu, haina habari kwamba sisi tupo. Kitu kisicho na habari nawe na bado kinakufikia usiku kitandani, hicho ndicho ninachotaka kukiandika.

Na tusidhani kwamba mambo haya ni ya Pasifiki tu. Mwaka 1871 msafiri Henry Morton Stanley alipokuwa akikaribia Ujiji alisikia upande wa magharibi sauti ya ngurumo ya mbali. Akawauliza wenyeji kama ni radi. Akaambiwa ni Kabogo, mlima mkubwa ulioko ng'ambo ya ziwa Tanganyika, wenye mashimo marefu ambamo maji huingia kwa kishindo, na upepo ukivuma ziwani mlima hunguruma. Akaambiwa pia kwamba vyombo vingi vimepotea pale, na kwamba wasafiri wakipita hutupa majini nguo, merikani na kaniki, na hasa shanga nyeupe, kumridhisha mungu wa ziwa.

Naomba tukae kidogo na maneno ya watu wale, kwa sababu yananifunza zaidi ya vitabu vingi vya uandishi. Tazameni walivyojibu. Walieleza chanzo: mashimo, maji, upepo. Hayo ni maelezo ya mtu aliyeangalia. Papo hapo wakaeleza heshima: kitambaa na shanga. Halikuwako kwao pambano kati ya mambo hayo mawili. Mtu alijua kabisa kwamba maji yanaingia shimoni, na bado aliona haifai kupita mlango wa kitu kikubwa namna ile bila kutoa chochote. Waandishi wetu wa leo huwagawa wahusika makundi mawili, mzee anayeamini mizimu na kijana msomi anayemcheka, kisha sura zinakwenda zikiwagombanisha. Watu wa Tanganyika walikuwa na akili pana kuliko mgawanyo huo. Nahodha aliyetupa merikani ng'ambo ya Ujiji angeweza kukuchorea mchangani jinsi maji yanavyoingia kwenye pango.

Basi bahari yangu inaitwa Tandavu. Kutoka pwani yake ya magharibi hadi ya mashariki ni kilomita 600. Katikati yake kuna ukuta wa mwamba mweusi unaochomoza kidogo tu juu ya maji, na chini ya usawa wa maji ukuta huo umetobolewa mapango, moja kati yake refu kupita yote. Maji yakijaa kwa nguvu huibana hewa ndani ya pango hadi kwenye tundu la juu, na hewa inapotoka pango zima huitika, kama chupa inapopulizwa mdomoni. Pango likiwa kubwa mno, mwitikio wake huwa mzito mno. Watu wa Tandavu wanauita Mvumo. Hakuna aliyewahi kuufikia ukuta ule akarudi, kwa kuwa mkondo unaozunguka mapango siku za Mvumo huvuta kila chombo.

Mwaweza kusema: hapo umeshatueleza, siri iko wapi? Nimewaeleza nyinyi. Sijawaeleza watu wa Tandavu. Mwandishi akijua chanzo cha sauti yake, kila kitu kinachofuata kinakuwa na utaratibu, na msomaji huusikia utaratibu huo hata asipoambiwa. Wahenga walisema ukiona vyaelea, vimeundwa. Asiyejua chanzo huifanya sauti isikike pale hadithi inapopwaya, na msomaji hugundua haraka kwamba sauti imeitwa ije kuokoa sura.

Nianze na wakati. Kwetu pwani kuna bamvua na kuna maji mafu. Bamvua huja mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, kwa sababu mwezi na jua huvuta kwenye mstari mmoja, nayo maji hujaa sana na kupwa sana. Tandavu nimeipa miezi miwili angani. Mmoja huchukua siku 28 kutoka mwandamo hadi mwandamo, mwingine siku 36. Bamvua ya mwezi wa kwanza huja kila siku 14, ya mwezi wa pili kila siku 18, na zote mbili hukutana siku moja kila baada ya siku 126. Siku hiyo ndiyo maji hupanda kuliko siku zote, na pango refu hujaa kwa kishindo. Kwa hivyo Mvumo una kalenda. Mtu wa Tandavu hasemi nitakulipa mwisho wa mwezi. Husema nitakulipa Mvumo ukilia. Ndoa hungojea Mvumo, mikataba ya mashua hungojea Mvumo, mtoto aliyezaliwa siku ya Mvumo hupewa jina lake. Yote hayo yametoka kwenye pango na miezi miwili. Sikulazimika kuyabuni moja moja.

Kisha upepo. Sauti haisafiri angani kwa mstari ulionyooka, hupinda. Ikienda pamoja na upepo hupinda kuelekea chini, ikamfikia mtu. Ikienda kinyume na upepo hupinda juu, ikampita kichwani. Watu wa jahazi wanalijua hilo bila somo: aliye demani, upande upepo unakoelekea, humsikia mwenzake vizuri, aliye joshini, upande upepo unakotoka, hupigiwa kelele bure. Tandavu ina kaskazi na kusi kama bahari yetu. Wakati wa kaskazi Mvumo hufika pwani ya kusini ukatikisa milango. Wakati wa kusi pwani hiyo hiyo hupata mnong'ono, na wa kaskazini ndio wanaofunga mbuzi zizini. Pande hizi mbili hazijawahi kukubaliana kama Mvumo ni mkali au mpole. Vita vyao vyote, na nimeandika vitatu, vimeanzia hapo.

Sasa nafika mahali ninapopapenda kuliko pote.

Tarehe 27 Agosti 1883 volkano ya Krakatoa ililipuka huko Indonesia. Katika kisiwa cha Rodrigues, ambacho kimo katika bahari hii yetu ya Hindi, mkuu wa polisi James Wallis aliandika kwamba milio kama ya mizinga mizito imesikika kutoka mashariki. Umbali ulikuwa karibu kilomita 4,800, na sauti ilichukua takriban saa nne kufika. Kila mwandishi wa fantasia anaipenda habari ya Rodrigues, nami pia. Ila habari inayoniweka macho usiku ni nyingine, ni ya wale wasiosikia. Februari 1901 mizinga ilipopigwa kwenye mazishi ya Malkia Victoria wa Uingereza, watu wa vijiji vya mbali sana waliisikia, ilhali wengi waliokuwa karibu zaidi hawakusikia kitu. Sababu yake ilieleweka baadaye. Hewa hupoa kadiri unavyopanda, na sauti inayopanda huzidi kupinda kuelekea juu ikawaacha watu wa chini. Lakini ikifika kilomita 40 au 50 juu, hewa huwa imepata joto tena kwa sababu ya ozoni, gesi inayofyonza miale ya jua, na sauti hurudishwa chini, ikatua mbali. Matokeo yake ni pete tatu. Aliye karibu anasikia. Aliye katikati hasikii. Aliye mbali anasikia.

Kimya kingi kina mshindo mkuu, ndivyo tulivyofunzwa. Katika Tandavu nimeweka kisiwa ndani ya pete ya katikati, kilomita 120 kutoka kwenye ukuta. Kinaitwa Shuwari. Watu wa Shuwari hawajawahi kuusikia Mvumo. Wanaoishi mbele yao wanausikia, wanaoishi nyuma yao wanausikia, wao wamezungukwa na watu wanaoapa kwa kitu ambacho kwao hakipo. Majirani huwaita viziwi wa Mungu. Wao huwaita majirani waongo. Na hakuna upande unaosema uwongo.

Mfanyabiashara wa bara anamkopesha fundi wa mashua wa Shuwari majora ya nguo, kwa ahadi ya kulipwa Mvumo ukilia. Siku inapita. Mfanyabiashara anakuja kudai. Fundi anasema kwa dhati: sijausikia. Kesi inapelekwa kwa kadhi. Mzee yule ana swali gumu kuliko yote aliyowahi kuletewa: sauti iliyolia ikasikika na watu elfu, lakini haikumfikia mdaiwa wala yeyote wa mji wake, je, imelia kwake? Nilikaa na swali hilo muda mrefu sana. Niliandika hukumu moja nikaifuta, nikaandika ya pili. Jibu halikutoka kwenye sheria. Lilitoka majini.

Kwa maana sauti ina barabara mbili. Angani huenda yapata mita 340 kwa sekunde. Majini huenda karibu mita 1,500. Mwaka 1826 Daniel Colladon na Charles Sturm waliipima kasi hiyo katika ziwa Geneva: huku mashua moja inapiga kengele iliyozamishwa na papo hapo inawasha baruti, kule, zaidi ya kilomita 13 mbali, mwingine anatazama mwako huku ametia chombo cha kusikilizia majini, anahesabu muda. Karne moja na zaidi baadaye, mwaka 1944, Maurice Ewing na J. Lamar Worzel walithibitisha jambo kubwa zaidi. Ukishuka kilindini maji hupoa, na sauti hupunguza kasi. Ukizidi kushuka uzito wa maji huongezeka, na kasi hupanda tena. Kati ya hali hizo mbili, kwa kina cha kama mita 1,000 katika bahari nyingi, kuna tabaka ambalo sauti ikiingia hairuhusiwi kutoka: ikijaribu kupanda hupindwa ishuke, ikijaribu kushuka hupindwa ipande. Basi husonga mbele tu. Mwaka 1960 baruti zililipuliwa majini karibu na Perth, Australia, na mlio ukasikika Bermuda, karibu nusu ya mzingo wa dunia. Nilipolisoma hilo mara ya kwanza nilifunga kitabu nikatembea nje. Mungu ameweka njia chini ya maji, na muda wote tulidhani pale chini ni kimya.

Kwa hivyo pete ya kimya iliyo juu ya Shuwari ni ya hewa peke yake. Majini Mvumo hukipita kisiwa hicho sekunde 80 baada ya kulia. Nani wa Shuwari aliye majini? Si mafundi, wala wazee wa baraza. Ni wanawake wanaopiga mbizi kutafuta simbi na kaure. Hao wamekuwa wakiusikia Mvumo tangu utoto wao, vifuani na kwenye meno zaidi kuliko masikioni, kila siku 126, mama kwa binti. Hawakuwahi kulisema kama jambo la ajabu kwa sababu waliona ni tabia ya maji, na kwa sababu hakuna aliyewauliza. Bi Mwanashali, mpiga mbizi mzee kuliko wote, anaposimama mbele ya kadhi na kusema, "Maalim, huo mnaoutafuta angani sisi tunakaa nao chini," kesi inakwisha na hadithi yenyewe ndipo inaanza. Kisiwa kinachojulikana kwa ukiziwi kumbe ndicho chenye wajuzi wa Mvumo kuliko pwani zote.

Waandishi wenzangu, nisingempata Bi Mwanashali kama chini ya Tandavu kungekuwa na dubwana. Dubwana lingenidai shujaa mwenye mkuki. Pango, upepo na maji vimenidai shahidi, naye akawa mama wa miaka 70 mwenye chumvi kwenye nywele. Sikumchagua mimi. Sauti ilipita mahali alipo.

Kuna jambo jingine dogo ambalo manahodha wangu wanalitumia. Nahodha aliye kilomita 300 kutoka ukutani akizamisha kasia na kubana sikio kwenye mpini wake, husikia Mvumo kwanza kwa maji, baada ya dakika tatu na theluthi. Kisha hungoja ule wa hewani. Zitapita zaidi ya dakika 11 kabla haujafika. Kadiri pengo linavyokuwa refu, ndivyo alivyo mbali na ukuta. Hana saa, ana utenzi wa baharia ambao beti zake zimepimwa, na mwanafunzi wake huanza kughani sauti ya kwanza inapoingia. Ubeti wanaofikia ndio umbali wao. Nimefurahi kuona mashairi yakifanya kazi ya chombo cha kupimia, kwa sababu ushairi wetu wa pwani ulibeba elimu na sheria na historia siku zote, na sioni kwa nini usibebe umbali.

Je, kila sauti ielezwe? Hapana, na hapa nawaomba msinielewe vibaya. Mwandishi awe na chanzo, lakini dunia yenyewe bado ina sauti ambazo wataalamu hawajakubaliana juu yake. Katika mdomo wa mto Ganges, Bangladesh, tangu karne ya 19 kumeandikwa habari za milio kama ya mizinga inayotoka upande wa bahari, ikaitwa mizinga ya Barisal. Pwani za Ubelgiji na Uholanzi watu wana yao, Japani wana yao na jina lake, na kwenye ziwa Seneca katika jimbo la New York vivyo hivyo. Wengine husema ni gesi inayotoka chini ya maji, wengine mitetemeko midogo ya ardhi, wengine mawimbi ya mbali, wengine vimondo. Kinachonigusa ni kwamba watu wasiojuana kabisa, penye maji na ukungu, walichagua mfano ule ule wa mizinga. Wallis naye kule Rodrigues alitaja mizinga. Karne ile mzinga ndio uliokuwa mlio mkubwa kuliko yote iliyotengenezwa na mikono ya watu, na mtu akisikia kikubwa hukipa jina la kikubwa anachokijua. Tandavu haina mizinga. Watu wake wanasema Mvumo ni jahazi linalokokotwa juu ya mwamba, na wa bara, ambao hawana majahazi, husema ni ng'ombe. Kabla hujaandika sauti yako, jiulize wanaoisikia wamewahi kusikia nini.

Na kuna sauti ambazo hazisikiki kabisa, bado ni sauti. Mwaka 2016 watafiti wa Chuo Kikuu cha Liverpool walitangaza kwamba bahari ya Karibi nzima hupiga mbinja. Wimbi kubwa hutembea kuelekea magharibi, hufia pwani na kuibuka tena mashariki, mzunguko mmoja ukichukua siku 120, na sakafu ya bahari huhisi uzito ukipanda na kushuka kiasi kwamba satelaiti zinazopima mvutano wa dunia ziliyatambua mabadiliko yake. Ni noti moja, iliyo chini ya sikio letu kwa oktavu nyingi mno. Siku 120 kwa mtetemo mmoja. Mimi nilikuwa nimeshaipa Tandavu siku zake 126 niliposoma habari hiyo, na nilihisi kwamba bahari ya kweli imenijibu.

Nimebakiwa na shida moja ya kazi, na nimekuja nayo makusudi kwa sababu najua ukumbini kuna wanafunzi wa fizikia, na nimeambiwa kuna bwana aliyefanya kazi bandarini miaka mingi. Pwani ya mashariki ya Tandavu ina mlima unaoangukia majini wima. Sauti ikiupiga lazima irudi. Sasa watu wa kijiji kilicho ufukweni, kilomita 40 mbele ya mlima, watausikia Mvumo ukija kutoka baharini, na dakika nne hivi baadaye watausikia ukitoka mlimani, mdogo zaidi. Sijaamua kama mwangwi huo una nguvu ya kufika au unafia njiani. Ukifika, kijiji hicho kitaamini kwamba ziko Mivumo miwili, mkubwa wa majini na mdogo wa milimani, na nitalazimika kuandika upya sura ya harusi yote. Ramani nimeibandika ukutani hapo nyuma, kalamu ziko mezani. Mwenye hoja asogee kwenye kipaza sauti, tuanze na huyu dada aliyeinua mkono.